Mfalme Aliyetawala Masikio

Msiniulize jina la nchi hiyo. Jina lilikuwa zuri, ila lilipelekwa kwenye kamati likapambwe kidogo, na kamati haijarudi. Tuseme tu kwamba nchi ilikuwapo, na huenda ipo, na ukisafiri ukakutana na tembo aliyebeba kitabu badala ya mtu, ujue umefika.

Kitabu hicho kiliitwa Kitabu cha Enzi. Mfalme wa nchi alikuwa Ranavir, ambaye kwa kifupi aliitwa Kivuli cha Mbingu na Mwavuli wa Wanyonge. Kwa kirefu walianza kumwita asubuhi, wakamaliza chakula cha mchana kikiwa kimepoa. Mfalme Ranavir alipenda picha kuliko wafalme wenzake wanavyopenda vita, na hilo, tusimwonee, ni jambo la heri. Vita huua watu. Picha huwanyoa kindi tu. Brashi za wachoraji wake zilitengenezwa kwa manyoya ya mkia wa kindi, na kindi wote wa nchi hiyo walibaki na mikia kama ya panya, wakawa wanaona haya kupanda miti mchana. Mimi habari hizi nimezipata kwa mjukuu wa kindi mmoja, kwa hiyo zina uzito.

Nyuma ya jumba la mfalme palikuwa na Nyumba ya Brashi. Humo kila mtu alikuwa na kipande chake cha kazi na hakugusa cha mwenzake. Mmoja alisugua karatasi kwa jiwe mpaka ikateleza kama shavu la mtoto. Wa pili alichora mistari. Wa tatu alipaka rangi. Mwingine alichora miti tu, na ukimwomba akuwekee ng'ombe chini ya mti, alikwambia nenda chumba cha pili. Na mmoja, Mzee Tulsiramu, alichora nyuso. Mwili wa mtu ulimfikia umeshakamilika: umevaa, umepanda farasi, umeshika upanga, umekosa uso tu. Yeye akauwekea uso, ukaenda zake.

Mkuu wa hayo yote alikuwa Mirza Nasirbeki, Waziri wa Rangi na Ukweli. Huyu alikuwa mtu mwema. Mwaka mvua zilipokataa kunyesha, aliagiza haraka sana ukurasa wa mavuno. Mtama ukachorwa mpaka pambizoni. Kisha wananchi wakaitwa wapange foleni wautazame, mtu na familia yake, bila kugusa. Waliorudi waliusifu. Mama mmoja alisema mtama ulikuwa umejaza vizuri, hasa wa upande wa kushoto, ila watoto walitaka kuongezwa.

Ndiyo ilikuwa kawaida. Kitabu na nchi vikitofautiana, nchi ndiyo iliyorekebishwa.

*

Katika Kitabu cha Enzi watu wote walichorwa kwa upande. Jicho moja, sikio moja, pua imeelekea njia yake. Wasomi wamesema mengi juu ya falsafa ya jambo hilo. Nilivyosikia mimi, mchoraji wa kwanza wa ukoo ule wa kifalme hakujua kuchora pua kwa mbele. Kila akijaribu ilitoka kiazi. Akamgeuza mfalme wa wakati huo, pua ikatulia, na falsafa ikaanzia hapo.

Basi siku moja alikuja balozi wa nchi ya mbali. Akapewa Kitabu akifunue, akakisifu. Kisha akaingizwa barazani alipoketi mfalme na wakubwa wake. Balozi akawatazama, akakitazama tena Kitabu, akauliza kwa upole, "Mbona hawa hawafanani na hawa?"

Mirza Nasirbeki aliona aibu mpaka kwenye vidole vya miguu. Balozi hajamaliza hata kufungasha, tangazo likatoka: "Kwa kuwa Kitabu hakikosei, na kwa kuwa binadamu hukosea, imeamriwa kwamba kila aingiaye mbele ya Kivuli cha Mbingu aingie kwa ubavu, asimame kwa ubavu, aseme kwa ubavu, na atoke vivyo hivyo, kama kaa mwenye adabu."

Watu wakazoea. Watu huzoea, msiwaonee ajabu. Mwenye chunjua shavu la kushoto alichagua kusimama akionyesha la kulia. Shida ilikuwa kwa waliochagua pande tofauti, maana walilazimika kutazamana siku nzima, na wengi wao walikuwa maadui. Lakini baraza lilipendeza. Ukiingia, ungedhani umefungua ukurasa.

Mfalme mwenyewe alifurahi kwa msimu mmoja. Halafu akaanza kuhisi baridi. Akisema mzaha, alitafuta nani amecheka, akaona masikio. Sikio halicheki. Akitoa amri ngumu, alitafuta nani imemuuma. Sikio haliumwi na amri, labda livutwe. Ikafika mahali akawa anawatambua mawaziri wake kwa masikio tu: lile lenye nywele ndani ni Waziri wa Maji, lile lililochongoka ni Hazina, lile linalochezacheza lenyewe ni Mkuu wa Majeshi. Wahenga walisema sikio halipiti kichwa. Hawakubahatika kufika nchi hiyo.

Mtu mmoja tu alikuwa na kibali cha kumtazama mfalme usoni, naye ni Mzee Tulsiramu, kwa sababu za kikazi. Lakini alimtazama kama fundi cherehani anavyoutazama mguu wa suruali. Alitazama pua, akaichora. Alitazama kidevu, akakichora. Mfalme akimtazama naye, mzee aliinamisha macho haraka kwenye karatasi, kwa kuwa kibali kilikuwa cha kutazama, hakikuwa cha kutazamwa.

*

Ulikuwapo uso mmoja.

Malkia Hansabai aliishi katika nyumba ya ndani, na huko tangazo halikuwahi kufika. Msoma matangazo alikuwa mwanamume, na wanaume walikatazwa kuingia. Kwa hiyo malkia hakujua kwamba watu sasa ni wa upande mmoja. Mfalme akiingia, alimgeukia mzimamzima, akamkazia macho yote mawili.

"Ranu," alimwambia siku moja, "una mchele kwenye masharubu."

"Mimi ni Kivuli cha Mbingu, Hansa."

"Haya, mbingu ina mchele kwenye masharubu. Njoo nikutolee."

Malkia alikuwa na mwanya. Alikuwa na kovu dogo kwenye nyusi, alilolipata utotoni kwa kuanguka pembeani. Na kabla hajasema la mzaha, jicho lake la kushoto lilipungua kidogo, ili anayeambiwa apate kujiandaa. Mfalme alikaa barazani asubuhi nzima na masikio ya wakubwa wake, akiungojea huo upungufu wa jicho.

Kisha ikaja homa ya masika, ambayo haiulizi cheo. Malkia Hansabai akafariki.

Nchi ililia. Baraza lililia kwa ubavu, kwa utaratibu mzuri. Kila mkubwa alitoa machozi kwa jicho lililoelekea kwa mfalme, na lile la pili likabaki kavu kwa matumizi ya nyumbani.

Matanga yalipokwisha, mfalme alikwenda kwenye chumba cha vitabu. Hakuwa na shaka. Alikuwa na wachoraji wengi kuliko askari, na kitabu kinachobebwa na tembo. Hakika mkewe yumo. Akamwita Mirza Nasirbeki, wakafunua.

"Huyu nani?" mfalme aliuliza.

"Ni Malkia, Mtukufu, siku ya harusi."

"Si yeye. Na huyu?"

"Malkia, bustanini."

"Na huyu?"

"Huyo ni mama yako, Mtukufu, Mungu amrehemu."

"Wanafanana."

"Heshima ni moja, Mtukufu."

"Na huyu anayekamua ng'ombe?"

Mirza alisogeza ubavu karibu. "Huyo ni mkamua ng'ombe. Lakini tulimfadhili."

Ikajulikana hivi. Hakuna mchoraji aliyeruhusiwa kumwona mwanamke wa nyumba ya ndani. Kwa hiyo tangu enzi za babu ilikuwapo karatasi moja yenye uso uliotobolewa kwa sindano. Ukiiweka juu ya ukurasa mpya, ukaipigapiga kwa kitambaa chenye vumbi la mkaa, vumbi linapita kwenye matundu, na unabaki na mwanamke: jicho la samaki, pua ya kasuku, kidevu cha embe. Kwa karatasi hiyo ya matundu walichorwa malkia wote, mama zao, shangazi zao, na siku moja ya upungufu, malaika.

Mfalme alifunga Kitabu mwenyewe, jambo lililomkosesha kazi mfunga Kitabu.

"Nataka Hansa," alisema. "Nataka uso wake. Kwa mbele, macho yote mawili, unitazame mimi. Sitaki kitu kingine katika nchi hii."

*

Mirza Nasirbeki alirudi kesho yake na ushauri.

"Mtukufu, liko suala la usalama. Picha inayotazama mbele humtazama aliye mbele. Leo ni wewe. Kesho ni mfagiaji anayefuta vumbi. Malkia atakuwa anamkodolea macho mfagiaji."

"Mfagiaji afumbe macho."

"Akifumba, atafagiaje?"

Swali hilo lilizunguka barazani juma zima, wala halijapata jibu mpaka leo.

Hatimaye iliamuliwa kwamba mfalme aeleze kwa kinywa chake uso ulivyokuwa, maana ndiye pekee aliyeuona kihalali. Lakini maneno ya mfalme, kama mchele, hayapikwi bila kuoshwa. Yalipita kwanza Idara ya Kunyoosha Kauli.

Mfalme alisema: alikuwa na mwanya. Idara iliona neno hilo ni fupi mno kwa malkia, ikaandika: mlango wa lulu. Mfalme alisema: ana kovu kwenye nyusi, alianguka pembeani. Idara ilikumbusha kwamba malkia haanguki, ikaandika: mwezi mchanga ulitua juu ya jicho lake. Mfalme alisema: jicho la kushoto hupungua anapotaka kufanya mzaha. Hapo Idara ilijadili mpaka jioni kama malkia hufanya mzaha, ikaandika: nyota ilijificha kidogo.

Picha ikaja imefunikwa hariri. Mfalme akaifunua. Palikuwa na ule uso wa matundu, kwa upande, kama kawaida. Juu yake mwezi. Kushoto wingu, na nyota imechungulia. Na kulia, mkubwa kuliko vyote, mlango umepambwa kwa lulu, na walinzi wawili wenye mikuki.

Mfalme alitazama muda mrefu.

"Huu mlango ni wa nini?"

"Ni meno, Mtukufu," alisema Mirza.

Zikaja nyingine. Katika moja walinzi waliondolewa. Katika nyingine, baada ya mabishano makali na mtu mmoja kujiuzulu, uso uligeuzwa robo kuelekea mbele, na Mirza akaja mwenyewe kuipongeza hiyo robo kwa hotuba. Mfalme aliomba robo zilizobaki. Akaambiwa zimo kwenye mpango.

Alizitazama zote, asubuhi na alasiri, akimtafuta mkewe humo kama mtu anayetafuta pete kwenye gunia la dengu. Na kadiri alivyotafuta, kitu kikawa kinamtoka polepole, ambacho hakukigundua mapema.

*

Asubuhi moja mfalme aliondoka barazani kwa miguu yake, bila tarumbeta, akaenda Nyumba ya Brashi. Wachoraji walipomwona walijigeuza kwa ubavu, na aliyekosa nafasi alijibandika ukutani. Mfalme aliwapita, akaingia chumba cha mwisho, kwa Mzee Tulsiramu, akafunga mlango.

Mzee huyu alikuwa amechora nyuso za wenye vyeo wote wa nchi, na hakuwa na mtu. Sokoni wauza mboga walimkwepa. Alikuwa na mazoea ya kumtazama mtu kama seremala anayepima jeneza. Nyumbani kwake alikula akielekea ukuta, akaurekebisha ukuta kwa macho, akalala.

"Kaa, mzee," mfalme alisema.

"Nimeshakaa, Mtukufu. Mimi huchora nimekaa."

"Basi nikae mimi." Akakaa juu ya gunia la chokaa. Mzee alikuwa ameshtuka kiasi kwamba alisahau kuinama. Wakatazamana.

"Una macho mawili," mfalme alisema.

"Ndiyo, Mtukufu. Tangu nizaliwe."

"Sikuwahi kuyaona."

"Huwa nayainamisha. Kibali kinasema nitazame tu."

Mfalme akasogea karibu. Kisha akasema, "Nichoree Hansa. Nitakueleza mwenyewe. Bila idara."

"Bila idara, Mtukufu, useme taratibu. Sijazoea maneno mabichi."

Mfalme alisema mwanya, na mzee akachora mwanya. Si mlango, mwanya. Akasema kovu, likachorwa kovu. Akasema jicho, mzee akalipunguza kidogo, akageuza karatasi.

"Siye," mfalme alisema.

Akachora tena.

"Karibu. Siye. Hapa palikuwa pana zaidi. Hapana, pembamba."

Sakafu ikajaa wanawake wenye mwanya, wote wakitazama dari. Mfalme aliwaangalia mmoja mmoja, kisha akajifunika uso kwa mikono.

"Mzee, sinao tena."

"Huna nini, Mtukufu?"

"Uso wake. Nimezitazama mno zile picha. Nikifumba macho sasa inakuja ile karatasi ya matundu. Namwambia ondoka, haiondoki. Inanitazama kwa jicho moja kama waziri."

Mzee Tulsiramu aliweka mkaa chini. Alijifuta vidole kwenye shuka, kimoja kimoja, mpaka vikawa safi kuliko ilivyohitajika.

"Mtukufu, ile karatasi ina uso tu," alisema. "Haina kitu kingine. Huna lingine la Malkia, ambalo si uso?"

Mfalme alifikiri. "Alasiri," alisema. "Alasiri alikuwa akikaa dirishani anapaka nywele mafuta ya nazi. Naingia, namkuta amenipa mgongo. Namwita. Ananiambia, 'Ngoja nimalize, Ranu, nitageuka.' Kisogo kile nakiona mpaka sasa. Amekusanya nywele mkononi hivi. Chini kidogo, shingoni, kuna alama nyeusi kama mbegu ya papai."

"Halafu?"

"Halafu anageuka. Na hapo ndipo inapoingia karatasi ya matundu."

"Basi tuishie kabla hajageuka," mzee alisema.

Akaichora picha hiyo yote peke yake, mistari, rangi na kila kitu, jambo ambalo ni kosa kwa vifungu vya kutosha vya sheria. Hata mti wa nje ya dirisha aliuchora mwenyewe, ukatoka kama fungu la mchicha. Lakini shingo, mkono uliokusanya nywele, na ile mbegu ya papai, mfalme alipoviona alishika ukuta.

Aliitundika chumbani kwake. Kila alasiri alikaa mbele yake akamngoja Hansa amalize. Na alimwambia Mzee Tulsiramu aje akae naye, asilete brashi. Mzee alikuja. Mara ya kwanza hakujua mikono aiweke wapi.

"Mafuta ya nazi huchukua muda," alisema, ili aseme kitu.

"Alikuwa na nywele nyingi," mfalme alimjibu.

Hawakuzidisha maneno. Wakati mwingine mmoja alimtazama mwenzake, akakuta anatazamwa, na hakuna aliyechora chochote.

*

Sasa mlango wa chumba hicho siku moja uliachwa wazi. Mirza Nasirbeki akapita kwa ubavu wake, na jicho lake moja likaona mambo makubwa: Kivuli cha Mbingu kimeketi kimya, kinatazama kisogo.

Aliitisha kikao cha dharura.

"Ndugu zangu," alisema, na sauti yake ilikuwa ya mtu aliyeponea chupuchupu, "Mtukufu amehama. Sisi bado tuko kwenye masikio, yeye yuko kwenye visogo. Nimemwona kwa jicho langu: alasiri nzima hakuchoka kukitazama kisogo. Nani kati yetu amewahi kutazamwa alasiri nzima? Huenda tumekuwa tukimuudhi kwa masikio yetu miaka yote hii, na kwa upole wake hakusema."

Mzee mmoja wa baraza alijikohoza. "Mirza, mimi nililelewa kwamba ukimpa mtu kisogo umemdharau."

"Ndipo heshima ilipojificha," alisema Mirza. "Nani angeitafuta hapo?"

Tangazo likatoka. Kwa kuwa Kitabu hakikosei lakini hukua, iliamriwa hivi: Kila aingiaye mbele ya Kivuli cha Mbingu aingie kinyumenyume na asimame akimpa kisogo. Kurasa zikaanza kukwanguliwa: nyuso zikafutwa, nywele zikapakwa mahali pake. Vinyozi wakawa watu wakubwa. Wenye upara walipaka visogo vyao unga wa chokaa na dhahabu, na Waziri wa Maji, ambaye nywele zake zilikuwa masikioni tu, alipewa msaada na serikali.

Asubuhi ya kwanza mfalme alipoingia barazani alidhani watu wanaondoka. Akasimama mlangoni awangojee wapite.

"Wanaenda wapi?"

"Wameshafika, Mtukufu," alijibu Mirza Nasirbeki, akiuambia ukuta.

Mfalme akapanda kitini. Mbele yake palikuwa na visogo mpaka mwisho wa ukumbi, vimechanwa vizuri. Siku hiyo aliyakumbuka masikio kama mtu anavyowakumbuka ndugu zake.

Alisema hapana. Alisema, "Mimi sikutaka hivi." Maneno hayo yakaenda Idara ya Kunyoosha Kauli, yakatoka: Mtukufu anasema hakutarajia uzuri wa kiasi hiki.

Na kwa kuwa nyuso hazikuwapo tena katika Kitabu, mchora nyuso alikuwa wa nini? Kibali cha Mzee Tulsiramu kilifutwa. Asiye na kibali haingii jumbani, hata kwa kuitwa, kwa sababu wito hupitia kwa wenye kukagua vibali. Alasiri ya kwanza mfalme alikaa na kiti kitupu pembeni yake. Ya pili akakivuta karibu zaidi. Baadaye akaambiwa asihuzunike, mzee ataagwa rasmi barazani, atapewa nishani na shali. Mfalme akaingoja hafla hiyo kuliko alivyowahi kungoja sikukuu yoyote. Alijua mtu atakayeagwa hana budi aje.

Akaja. Alisimamishwa katikati ya safu ya wakubwa, shali begani, ameelekea ukuta kama wenzake, na nishani ikabandikwa mgongoni ili ionekane. Mirza alisoma hotuba. Alisema Mzee Tulsiramu ametumikia nyuso kwa uaminifu wakati nyuso zilipokuwa bado zinahitajika, na kwamba historia haitamgeuzia mgongo. Ukuta ukapokea maneno hayo kwa utulivu.

Mfalme hakungoja hotuba iishe.

"Mzee Tulsiramu," alisema, "geuka."

Kisheria, neno la mfalme haliwi la mtu mmoja. Likishatoka ni la wote. Na wote, tangu tangazo la visogo, walikuwa wamefundishwa kugeuka na kuishia wamempa kisogo. Waligeuka, tena kwa kasi, wakazunguka mzunguko mzima, wakarudi palepale walipokuwa, visogo vimenyooka. Pua zao zilimpita mfalme kama ndege waliotishwa na jiwe. Hakupata hata moja ya kuishika.

Ila Mzee Tulsiramu hakuwahi kufundishwa, na magoti yake yalikuwa ya mtu aliyekaa maisha yote sakafuni. Alifika nusu, akakwama. Akabaki ameelekea kitini, peke yake katika ukumbi ule, uso wote, wa mbele. Hata hapo barazani hakuinamisha macho. Kibali kilikuwa kimefutwa, na masharti yake yote.

Mfalme akainuka kidogo kitini. Pua ya mzee ilikuwa imepinda kidogo kushoto, kitu ambacho hata katika alasiri zile mfalme hakuwahi kukitambua, na chozi lilikuwa limetoka kwenye jicho la kulia na kwenye la kushoto pia.

"Mzee," mfalme alisema, "leo alasiri njoo..."

Askari wawili walikuwa wameshamfikia. Hawakumsukuma, msije mkasema. Walimshika mabega kwa adabu zote za kumshika mtu mzima, wakamsaidia kumalizia mzunguko. Ukumbi ukapiga makofi, kila mtu akielekea kwake.

*

Ukurasa wa siku hiyo upo. Ni mzuri sana. Mfalme naye amechorwa kwa nyuma, maana hapakuwa tena na mtu wa kumchora uso, na mchora nywele alijitahidi alivyoweza. Kwa hiyo wote, mfalme na watu wake, wanatazama njia moja. Wageni wakiuona huusifu, wanasema hawajapata kuona taifa lenye umoja namna ile. Wanachokitazama hao waliochorwa ni rangi ya kijani, iliyopakwa vizuri mpaka ukingoni.

Kuna dosari moja. Katika safu ya mbele, kisogo kimoja kimekaa mshazari, kama cha mtu ambaye bado hajamaliza kugeuka. Mirza Nasirbeki amekwisha kukiona. Kitakwanguliwa.